Asubuhi ni ya Kuonja

Saa mbili kasoro dakika kumi asubuhi, gari dogo la abiria lilisimama mbele ya ofisi ya utalii iliyoko nyuma ya soko, na mwanamke mrefu mwenye viatu vizito vya kazi akaanza kulizunguka akibonyeza magurudumu kwa kidole gumba. Aliitwa Mkaguzi. Jina hilo alilipata kwenye kikosi cha zimamoto, alikokagua majengo kwa zaidi ya nusu ya umri wake, na alipostaafu aliondoka nalo kama wengine wanavyoondoka na saa ya ukutani.

Gari lilikuwa la mdogo wake wa kiume, ambaye pia ndiye aliyeliendesha. Ofisi ilikuwa ya mke wa huyo mdogo wake, na ugumu ulianzia hapo.

"Wifi," alisema mwenye ofisi kutoka mlangoni, kikombe cha chai mkononi, "magurudumu yana mtu wake. Wewe una wageni."

"Mtu wake ni mume wako, wifi. Ndiyo maana nayabonyeza."

Dereva aliongeza sauti ya redio.

Ofisi hiyo ilikuwa na utaratibu ambao ofisi nyingine za mji ule wa pwani hazikuwa nao. Mgeni hakulipa asubuhi. Asubuhi ilikuwa ya kuonja. Wakati wa chakula cha mchana, kila mmoja aliamua kama ziara inastahili siku yake nzima. Aliyeona haistahili alipewa mkono na kwenda zake bure, na aliyebaki alilipia siku yote. Mwenye ofisi alibuni utaratibu huo alipokuwa hajulikani, akaona unavuta watu, kwa sababu hakuna anayeogopa kuanza jambo analoweza kuliacha katikati. Baadaye aligundua kuwa ulikuwa na faida nyingine: ulipima waongoza wageni bila mjadala.

Mkaguzi alikuwa ameshapimwa mara mbili. Mara ya kwanza waliondoka wote, pamoja na bwana mmoja aliyesahau mwavuli garini na hakurudi kuuchukua. Mara ya pili alibaki mmoja, na ilibainika kuwa amelala. Hii ilikuwa mara ya tatu, na wifi yake alikwisha kusema kwamba ya nne haipo.

Mkaguzi aliitaka kazi hii kuliko alivyokubali kusema. Watoto wake walikuwa mbali, kila mmoja na nyumba yake. Katika miezi ya kwanza ya kustaafu alikagua nyumba za majirani wote bila kuombwa, na sasa majirani walikuwa wakichungulia dirishani kabla ya kufungua mlango. Alihitaji mahali pa kwenda asubuhi.

Wageni wa siku hiyo walikuwa wanne. Wawili walikuwa wasusi wa saluni moja waliopata likizo pamoja, mmoja wa makamo na mwingine kijana. Wengine wawili walikuwa mhasibu na mama mkwe wake. Mama mkwe alikuwa amekuja kumtembelea binti yake, na binti alikuwa amemwagiza mumewe ampeleke mama akaone mji. Mhasibu alikuwa mtu wa kutii, lakini alitii akiwa na simu mkononi.

Mwenye ofisi alipanda pia, akakaa nyuma kabisa. Kabla gari halijaondoka alimvuta wifi yake pembeni.

"Leo hakuna habari za milango ya kutokea. Hakuna mitungi ya kuzimia moto. Unasema jengo lilijengwa mwaka gani, nani alijenga, basi."

"Na kama mlango umezibwa?"

"Watu wataingilia mwingine."

"Kuingia wataingia. Kutoka je?"

"Wifi."

"Nimesikia."

Na alisikia kweli. Katika jengo la zamani la forodha alisimama wima, mikono nyuma, akataja mwaka, mjenzi, na aina ya mawe, kwa sauti ya karani anayesoma mashtaka. Hakukosea hata neno. Msusi kijana alipiga miayo mpaka macho yakamlowa. Mbele ya nyumba ya makumbusho alifanya vilevile, na mara mbili macho yake yalikwenda kwenye mlango wa nyuma uliofungwa kwa mnyororo, mara mbili akayarudisha kwa nguvu. Mwenye ofisi aliona. Aliona pia kwamba wasusi walikuwa wakizungumzia nywele za mteja fulani.

Mhasibu alimsogelea dereva, ambaye alikuwa akifuta kioo.

"Ndugu, haya yote yapo hapa," alisema, akimwonyesha simu. "Na picha juu. Mnawaambia nini watu kisichokuwa humu?"

"Mimi hapa ni nyasi, bwana," alisema dereva. "Waulize tembo."

Kituo cha tatu kilikuwa mnara wa taa ya meli, kwenye ncha ya mawe inayoingia baharini. Ndani ya mnara, ngazi nyembamba za chuma zilipanda zikizunguka ukuta. Mkaguzi alitaja mwaka. Akataja mjenzi. Akawakaribisha wapande. Mama mkwe aliweka mguu kwenye ngazi ya kwanza, akainua uso juu, akautoa mguu.

"Mwenzangu," alimwambia Mkaguzi, kwa kuwa walipishana umri kidogo tu, "nikizidiwa huko juu, natokea wapi?"

Mkaguzi alimtazama wifi yake. Wifi yake alikuwa akitazama bahari.

"Katikati ya ngazi kuna mlango mdogo, mama. Unatokea kwenye paa la nyumba ya mlinzi, na pale kuna ngazi nyingine ya kushukia. Haukuwapo mwanzo. Ngazi za kwanza zilikuwa za mbao. Ziliungua usiku mmoja, mlinzi wa taa akiwa juu."

"Akafa?" aliuliza msusi wa makamo.

"Hakufa. Ukuta ni wa mawe, moto ulikula mbao ukaishia hapo. Lakini hakuwa na pa kushukia, na meli zilikuwa njiani. Akaona kwa kuwa hana pa kwenda, ni afadhali afanye kazi. Aliwasha taa mpaka kulipokucha, wakamshusha kwa kamba. Inasemekana alipofika chini alidai malipo ya muda wa ziada."

"Akalipwa?" aliuliza mhasibu.

"Alijengewa mlango."

Msusi kijana alicheka kwa sauti, na mnara ukairudisha sauti hiyo. Mama mkwe alipanda. Alipofika kwenye mlango mdogo alijaribu kitasa, akauona uko wazi, akaendelea hadi juu bila kuuliza tena.

Kuanzia hapo maelezo ya mwaka na mjenzi hayakusikika tena. Wageni ndio waliouliza. Mtaa wa maduka ya vitambaa ulikuwa mpana kupita mitaa mingine kwa sababu uliwahi kuungua wote kwa siku moja, na baraza la mji likakataza nyumba kujengwa tena zikitazamana kwa karibu kama wapenzi. Maghala ya zamani yalikuwa na milango ya chuma inayojifunga yenyewe, kwa uzito ulioning'inizwa kwenye kamba: kamba ikiungua, uzito huanguka, mlango hujifunga. Mkaguzi aliwaonyesha mmoja ambao bado unafanya kazi. Msusi wa makamo alitaka kuijaribu kamba kwa kiberiti, na akakatazwa.

Mwenye ofisi alifuata nyuma. Dereva, aliyemjua mkewe, hakujua bado kama kimya chake ni cha heri.

Chakula cha mchana kilikuwa kwenye mkahawa ulio karibu na gati la zamani. Mwenye ofisi alikuwa na mapatano na mkahawa huo: yeye huleta wageni, wao humpunguzia bei, na hakuna mwingine karibu aliyekubali hivyo. Chumba kilikuwa kirefu, dari fupi, na feni ilizunguka kama inayofikiria kuacha. Jiko lilikuwa mbele, kando ya mlango wa kuingilia. Nyuma kulikuwa na mlango wa mbao wa mbawa mbili, na mbele yake kreti za soda zilipangwa hadi kifuani, na jokofu bovu juu ya magurudumu.

Wote walikaa isipokuwa Mkaguzi.

"Wifi, kaa," alisema mwenye ofisi.

"Nitakaa."

"Kaa sasa."

Mkaguzi alimwita mwenye mkahawa, mtu mnene mwenye taulo begani.

"Mlango ule unatokea wapi?"

"Hautokei popote, mama. Umefungwa tangu enzi za marehemu baba."

"Mlango usiotokea popote ni ukuta, bwana."

"Umekuja kula au kukagua?"

Mwenye ofisi aliinamisha uso kwenye kiganja.

"Kula," alisema Mkaguzi. "Lakini watu hawa nimewaleta mimi. Siwezi kuwakalisha kwenye njia moja, na jiko liko kwenye njia hiyohiyo."

Msusi wa makamo aligeuka kwenye kiti. "Yaani jiko likiwaka, sisi ndio mboga?"

"Kwa lugha nyepesi."

Msusi alisimama, akabeba kreti. Mwenzake akabeba ya pili. Mama mkwe alimtazama tu mkwe wake, na mhasibu akaweka simu mfukoni akaenda kubeba. Mwenye mkahawa alilalamika mpaka alipoona wanazipanga vibaya, ndipo akaanza kuzipanga mwenyewe. Dereva alisukuma jokofu. Komeo lilikuwa limeshikwa na kutu. Mafuta ya kupikia yaliletwa, likapigwa kwa mwiko mara kadhaa, likalegea.

Mbawa mbili zilifunguka kwa nje. Palikuwa na baraza ya mawe yenye ukingo, pana kiasi cha kuweka meza kadhaa, pembeni ngazi za mawe za kushukia gatini, na chini yake maji. Upande wa kushoto zilionekana winchi za bandari na kivuko kikigeuza. Upande wa kulia, jengo la posta lenye ngazi ya chuma iliyobandikwa ukutani kwa nje. Upepo uliingia, ukapeperusha karatasi za mezani, ukafanya ile feni isiwe na kazi.

Mwenye mkahawa alisimama kizingitini, taulo likipepea begani. "Kumbe tuna upepo," alisema.

Walikula barazani. Wateja wa meza nyingine walihamia huko bila kukaribishwa, na mwenye mkahawa akatoa kiti baada ya kiti.

Sahani zilipoondolewa, mwenye ofisi alisimama, akauliza kama alivyouliza siku zote. "Tumefika nusu. Anayebaki, karibu. Anayeondoka, tunamuaga kwa wema, na hadaiwi kitu."

Wasusi hawakuinuka. Mhasibu ndiye aliyeinuka. Alishukuru kwa adabu, akaeleza kwamba asubuhi ilikuwa nzuri kuliko alivyotarajia, lakini vituo vilivyobaki ni posta, bustani na gati jipya, vyote vinafikika kwa miguu na havina kiingilio.

"Mama, twendeni taratibu. Tutajitembeza wenyewe."

"Nenda, mkwe wangu," alisema mama mkwe, akichokonoa meno. "Ukifika posta, utuambie ile ngazi ya nje iliwekwa kwa nini."

"Ngazi gani?"

"Ile pale."

Mhasibu aliitazama ngazi. Akatoa simu, akaandika, akasubiri, akaandika tena.

"Inasema nini?" aliuliza msusi kijana.

"Inasema wanafunga saa kumi."

Hakuna aliyecheka sana. Mhasibu alikuwa ameshabeba kreti pamoja nao. Mhasibu alimtazama Mkaguzi kama anayengoja ajibu. Mkaguzi alikunywa maji.

"Hiyo ni ya alasiri," alisema.

Mhasibu alirudi kwenye kiti chake.

Mwenye ofisi alimkuta wifi yake kwenye beseni la kunawia mikono, nyuma ya jiko. Walinawa kwa zamu.

"Kesho kuna kundi la walimu wastaafu," alisema mwenye ofisi.

"Walimu nawajua. Hawanyamazi."

"Utawachukua wewe. Kesho na siku nyingine." Alijikung'uta maji mikononi. "Ila umenitia aibu mbele ya mwenye mkahawa."

"Amekasirika?"

"Ameniuliza kama utaweza kupitia na ile hoteli ya shemeji yake."

"Ina milango mingapi?"

"Wifi, mimi nitajuaje?"

"Basi nitapita."

Saa nane kasoro robo, dereva alipiga honi. Wasusi walipanda, kisha mama mkwe, kisha mhasibu, ambaye safari hii alikaa kiti cha mbele. Mkaguzi alifunga mlango wa gari, na gari likaelekea posta likiwa na wote waliokuja nalo.