Filme ya Sufuria Yangu

Lionel, mutoto wa mudogo wangu, iko artiste. Anatengeneza filme, lakini ndani hamuna sura ya mutu. Filme yake ya kwanza ilionesha kitope ya barabara nusu saa, pikipiki zinapita. Ya pili, viatu tu, kwa mutu mwenye kuvishona. Kinshasa balimupigia makofi. Siye hapa Bunia tulimuuliza kama kamera iliharibika.

"Sura inadanganya, mama mukubwa," ananiambiaka. "Vitu ndio vinasema kweli."

Siku aliniomba anifilme nikipika maharagi, nilisuka nywele, nikavaa kitambaa ya Noeli. Yeye akaweka kamera chini, akaielekeza ku sufuria. Sufuria tu! Nilikasirika sana. Kisha nikasema, bon, kama haioni miye, basi niko huru. Nikaanza kuongea na binti yangu Annie vile tunaongeaka siku zote mu jikoni.

Annie alikuwa karibu kuolewa na Eddy, mutoto wa mama Claudine. Siku ya dot, ya kuleta mali ya kuolea, ilikuwa imefika karibu, na ile ndoa niliiombea sana.

Filme ilipoisha, Lionel akatundika shuka mu sale kubwa ya parokia kisha misa, aioneshe watu. Sufuria yangu iko mupya, haiwezi kunipatisha haya, basi nikaalika chorale yote. Claudine, bokilo yangu, ni kusema mukwe, nikamukalisha mbele kabisa.

Sufuria ikaonekana. Maharagi ikachemka. Mara sauti yangu ikatoka mu bafle, nguvu kabisa: "Claudine ule? Supu yake ya samaki ni maji ya kuoshea samaki. Mafuta anaionesha tu sufuria kwa mbali. Annie, ukienda kule, beba chumvi yako."

Chorale ikacheka mpaka benchi zikalia. Miye nikatafuta mulango na macho. Kumbe ule mutoto alikuwa ameficha mikro ya kukamata sauti mu kikapu ya makaa! Annie akafunika sura. Kama Claudine anasimama anatoka, ndoa imekufa, na ni mudomo yangu imeiua.

Claudine hakusimama. Filme ikaendelea, maharagi tu, hakuna mutu anasema. Nikakumbuka: pale Annie alikuwa ametoka kuchota maji. Sauti yangu ikarudi, chini chini:

"Mungu, mutoto akienda, hii sufuria yote nitakula na nani? Lakini kwa Claudine hatatukanwa. Ile mama iko na roho muzuri. Supu, atavumilia."

Nililia, siwezi kuficha.

Claudine akageuka polepole. "Bokilo, dot itakuja vile tulipatana. Lakini kesho unakuja kukula kwangu. Supu."

Lionel akasema ile itakuwa filme yake ingine.

Kesho yake Claudine alinijazia sahani mpaka juu. Lionel akaelekeza kamera ku sahani. Safari hii nilitafuta mikro kwanza, nikaiona nyuma ya termos ya chai. Nikaonja. Kweli ya Mungu, ilikuwa maji.

"Iko namna gani, bokilo?" Claudine akauliza.

Nikasogea karibu na termos, nikasema polepole, neno kwa neno:

"Tamu, bokilo. Uniongeze."