Mtaa wa Chini ya Dari

Asubuhi hiyo fundi wa vioo alimmiminia mama yake chai, akamsogezea kikombe, na kupitia kifua cha mama akaiona chupa ya chai iliyokuwa nyuma yake, hadi maua yaliyochorwa ubavuni.

"Mama, umepungua tena."

"Ni hili gauni," mama alisema. "Limechujuka."

Gauni lilikuwa jipya.

Mtaa mzima ulikuwa hivyo tangu Dari likamilike. Lilikuwa anga zima la vioo vya sola, limebebwa na nguzo nene kuliko nyumba, likianzia mlimani na kuishia mahali ambapo hakuna mtu wa mtaani aliyewahi kufika. Lilikunywa jua lote na kupeleka umeme mji wa juu. Nyaya zake zilipita juu ya mabati ya mtaa bila kusimama. Waliokaa chini yake walichujuka polepole, wazee kwanza. Watu walizoea. Kinyozi alinyoa kwa kupapasa. Wageni walikipiga kiti kofi kabla ya kukikalia. Fundi peke yake alibaki kama alivyozaliwa, kwa kuwa alishinda juu ya Dari akisafisha vioo na kuvibadilisha.

Kisha kioo kimoja kilivunjika juu kabisa ya mtaa wao. Fundi alikiona, akapita kama hakukiona. Jua likapenya na kuangukia mbele ya kibanda cha mshona viatu, eneo la kutosha godoro moja. Mama akabebewa kiti hadi pale. Kwanza vilirudi vidole, halafu kovu la kuungua kwenye kiwiko, halafu mashavu. Baada ya siku chache aligombana na jirani kuhusu nafasi, na jirani akamkodolea macho usoni. Watu walikuja na vigoda, wakapeana zamu. Mshona viatu alimwambia mkewe kwamba amenenepa. Mke akanuna mpaka jioni, na safari hii kununa kwake kulionekana.

Roho ya fundi haikutulia. Kila aliposikia viatu vya msimamizi wake vikilia juu ya vioo, aliinama kusugua kioo kilichokwisha kutakata. Hata usingizini alikuwa akisikia viatu.

Msimamizi alikuwa mtu mpole. "Fundi," alisema alipofika, "mji wa juu kuna lifti inasitasita. Nadhani una kioo kimevunjika upande wako."

"Najua, bosi. Chini yake kuna watu."

"Wangapi?"

"Sijui. Wengine bado hawaonekani."

Msimamizi alifikiri. "Ziba kwanza, halafu tushuke wote. Nikiwaona kwa macho yangu, hicho kioo nitakiondoa mimi mwenyewe."

Hakuwa na sifa ya uongo. Na fundi akikataa, angeitwa mwingine asiye na mama kule chini. Akapachika kioo kipya, skrubu zikimponyoka. Kabla ufa wa mwisho haujazibwa alimwona mama akiinua uso, amekinga macho kwa kiganja.

Lakini kazi zilimbana msimamizi. Kila asubuhi fundi alimuuliza, "Leo, bosi?" na kila asubuhi kulikuwa na lifti nyingine. Waliposhuka hatimaye, mtaa ulikuwa umechujuka kuliko mwanzo.

Msimamizi alivua kofia mbele ya kiti alichoonyeshwa.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba. Karibu. Umenikanyaga."

"Samahani sana." Alirudi nyuma, akautafuta mkono hewani, akaupata, akaushika kwa mikono miwili. Aliulizia afya. Alisikiliza kikohozi cha mshona viatu na malalamiko ya mkewe, akawapungia watoto waliokuwa wakicheka upande mwingine kabisa. Hakuharakisha hata mara moja.

"Sasa, bosi?" fundi alimuuliza njiani.

"Nimewasikia, fundi. Ni watu wazuri mno." Akavaa kofia. "Lakini nilisema nikiwaona."

Ni kweli, alisema hivyo.

Jioni mama aliuliza, "Amesemaje yule kijana?"

"Amesema ninyi ni watu wazuri."

"Ana adabu," mama alisema.

Kisha kiganja baridi kilimshika fundi mkono, juu ya kiwiko, pale jua lilipomchoma mchana kutwa.

"Bado una moto, mwanangu," mama alisema, akaliegemeza shavu lake pale. Fundi hakujitikisa.

Habari haikukaa ndani. Siku zilizofuata alirudi nyumbani kutoka kazini na kukuta vigoda vimepangwa ukutani. Alivua viatu, akakunja mikono ya shati mpaka mabegani, akakaa katikati ya chumba. Hakumwona mtu. Alihisi viganja, vikubwa na vidogo, kimoja kikimpisha mwenzake bila kugombana, mpaka ngozi yake ikapoa.