Uso Mmoja wa Anselme Querbois

Yule Anselme Querbois mmemwona nyote, ila hamkujua mnamwona. Polisi anayefungua mlango, ndiye yeye. Padri anayekohoa makaburini, yeye. Mhudumu anayemwagiwa supu wapenzi wakigombana, yeye tena. Mie nilikuwa nasukuma kigari cha kamera pale studio, kando ya mto Marne, mwaka hadi mwaka, nywele zikimtoka kichwani naona. Na miaka yote hiyo hakuna aliyempiga picha uso peke yake, ukajaa kitambaa kizima cha sinema.

Mpaka ile filamu ya baba na mwana. Baba ndiye Anselme. Mwana ni staa, Didier Valmondois, mzuri wa sura, roho sijui.

Sasa, kwetu kuna desturi. Waigizaji wakiwa wawili, kamera inampiga picha mmoja kwanza, halafu mwenzake. Asiyepigwa anasimama ubavuni mwa kamera, anamtazama mwenzake machoni na kumsemesha, apate wa kumjibu. Usipofanya hivyo tunakuona mshenzi.

Asubuhi ilikuwa zamu ya Valmondois. Anselme akasimama, akamlilia machozi ya kweli, na kamera wala haimtazami. Ikaja zamu yake mzee. Valmondois huyoo, anavaa koti.

"Unakwenda wapi wewe?" Anselme akauliza.

"Kula. Jamani, babu huyu mwekeeni kiti aongee nacho. Si amezoea kuongea na sahani?"

Wale wa kumpambapamba wakacheka. Mwongozaji, Fournel, mwoga yule, akasema, "Anselme ndugu yangu, fanya na kiti tu. Ikikataa tutaikata hiyo sehemu, filamu yenyewe ndefu."

"Sifanyi na kiti. Mlete."

"Usinitafutie balaa, mzee."

"Nimekufa kwenye filamu zako, Fournel, kwenye matope, kwenye theluji, sijasema kitu. Leo namtaka huyo mbwa hapa."

Akaletwa. Mkate na soseji mdomoni. Akasimama kando ya kamera, halafu, yarabi, akampa mzee mgongo!

"Haya, lia, babu. Lia twende zetu."

Maneno yaliyoandikwa yalikuwa ya msamaha. Baba alie, amwite mwanawe mezani. Anselme akaikazia macho ile shingo. Hakulia. Hakuongeza neno.

"Nimekusamehe, mwanangu," akasema, sauti ya chini kabisa. "Njoo ule."

Wallahi hata mie ningekataa chakula hicho. Valmondois akaacha kutafuna, akageuka, rangi imemtoka.

"Kata!" Fournel akapiga kelele. "Ndiyo hiyo!"

"Ndiyo nini?" Valmondois akadakia. "Baba gani anasamehe hivyo? Turudie, nitasimama vizuri."

"Mie sirudii," Anselme akamwambia. "Na ukinisemesha tena nakuzaba kofi mbele ya watu."

Filamu ikatoka, na ule uso ndani yake, mkubwa kama nyumba. Pale sinema, mama mmoja aliyekaa jirani yangu kaziba mdomo. Valmondois akapita kwa wenye filamu wote: palipo na yule mzee, yeye hachezi. Basi, Anselme akarudi kwenye upolisi na upadri, tena kwenye vile vifilamu vidogovidogo, mpaka tulipomzika.

Siku moja baa, yu hai bado, nilimuuliza kama anaijutia siku ile.

"Nijutie nini, mjinga wewe? Ulitaka nimbembeleze? Hebu mimina divai."