Mkondo Huduma ni Nani?

Siku kinyozi alipofungua bahasha ya benki, wateja wawili walikuwa wanamngoja kwenye benchi, na aliwasahau kabisa mpaka mmoja akakohoa. Taarifa ile ya akaunti aliiomba mwenyewe. Alikuwa anatafuta mkopo anunue kiti cha pili cha kunyolea, na wakopeshaji wakataka kuona pesa zake zinavyoingia na zinavyotoka. Alijua atakutana na aibu zake ndogondogo za kawaida. Hakujua kwamba atakutana na mgeni.

MKONDO HUDUMA. Ndivyo ilivyoandikwa, kwa herufi kubwa, na pembeni kiasi kilichokatwa. Akafunua ukurasa wa pili. Mkondo Huduma huyo tena, kiasi kilekile. Wa tatu, yumo. Kila mwezi alikuwa anapita kimyakimya, anachukua chake, anaondoka bila hata kuaga.

"Mkondo Huduma ni nani?" aliuliza kwa sauti.

Wateja wakatazamana. Mmoja akasema labda ni fundi bomba.

Kinyozi alinyoa vichwa vyote viwili akili haipo. Maji ya dukani alilipia dirishani kwa mkono wake. Kodi alimpa mwenye nyumba uso kwa uso. Hakumbuki kumpa mtu yeyote aitwaye Mkondo hata senti. Na ile kadi ya benki haikutoka nyumbani. Ilikaa kwenye droo ya kabati la sebuleni, chini ya vitambaa vya meza. Waliojua namba yake ya siri walikuwa watatu: yeye, mkewe na mama mkwe wake.

Hapo ndipo kichwa kilipoanza kumzunguka. Mkewe alikuwa muuguzi, mwanamke wa hesabu kamili, aliyeweza kukwambia sukari ya juzi imebaki vijiko vingapi. Mama mkwe, huyo sasa. Alihamia kwao baada ya watoto wao kuolewa na kuoa wakaiacha nyumba tupu. Kinyozi alimpokea huku amejikaza kisabuni, akitegemea kupimwa kila tonge. Badala yake alipata rafiki. Kikongwe alikuwa akija dukani baada ya chai ya asubuhi, anakaa pembeni, anawatania wateja wenye upara waliokuja kunyolewa. "Wewe umekuja kunyoa au kupiga pasi?" aliwauliza. Duka lilichangamka. Kinyozi, ambaye mama yake mzazi alifariki yeye angali mdogo, alimpenda mama huyu kuliko alivyoweza kusema. Lakini tangu mwaka huu mama mkwe alikuwa amenunua simu kubwa, na siku hizi alijifungia chumbani anabonyezabonyeza na kucheka peke yake.

Jioni ile aliweka karatasi mezani, katikati ya vyombo.

"Mimi nauliza tu," alisema. "Mkondo Huduma ni nani?"

Mkewe akasoma, akatikisa kichwa. "Simjui."

"Mama?"

"Mimi macho yangu haya, mwanangu, hata hayasomi hapo."

"Basi kadi inatembea yenyewe! Inatoka kwenye droo, inavaa viatu, inakwenda!" Alipiga meza kidogo, kusisitiza tu, vijiko vikaruka. "Simtuhumu mtu. Nauliza! Nikiuliza kwenye nyumba yangu ni kosa?"

Kwa maoni yake mwenyewe kinyozi alikuwa mtu mpole, mwenye sauti nzito ya kuzaliwa. Angeshangaa sana kusikia mtu akisema vingine. Wanawake wale wawili walinyamaza, wakamaliza kula wakiangalia sahani zao, naye akalichukulia lile kuwa jambo la kuumiza kichwa zaidi. Mtu asiye na hatia hunyamaza kwa nini?

Kesho yake alikwenda benki kabla ya kufungua duka. Binti wa dirishani alimwamkia, akaipokea karatasi na kuipitia kwa kalamu.

"Huyu siye aliyekuuzia kitu, mzee," alisema. "Hii ni kampuni ya kupokea malipo. Inakusanya bili za makampuni mengine. Maji, umeme, ada, bima, vitu vingi. Wewe unamlipa mtu mmoja, pesa inapitia kwao, na kwenye taarifa linatokea jina lao."

"Kwa hiyo huyu amebeba sahani tu. Aliyekula ni mwingine."

Binti akacheka. "Ndiyo hivyo."

"Aliyekula ni nani?"

"Hapa kwetu haionekani. Lakini kuna namba ya kumbukumbu hii hapa, mbele ya kila malipo. Uwapigie kwa namba hii ya simu ninayokuandikia, uwasomee hiyo, watakwambia ilikokwenda. Mara nyingi mtu anakuta ni kitu chake mwenyewe alichokubali zamani akasahau."

"Mimi sisahau," alisema kinyozi.

"Ukiona si chako, rudi tusimamishe na kufungua malalamiko. Ila piga kwanza, mzee. Wengine wanasimamisha kwa hasira, kumbe wamejikatia umeme."

Alitoka pale amejua zaidi na kuelewa kidogo. Bima? Bima ya nani? Ada ya nani, watoto wote wamemaliza? Alipitia nyumbani kuchukua funguo za duka, na mama mkwe akamkuta ukumbini. Alikuwa amevaa viatu vya safari. Nyuma yake, mlangoni mwa chumba chake, begi lilikuwa limefungwa.

"Ni mimi, mwanangu," alisema kabla hata ya salamu.

"Wewe nini, mama?"

"Huyo Mkondo. Ni mambo ya simu yangu. Nilichukua kadi." Akamshika kiganja, akamtilia noti zilizokunjwa ndogondogo. "Hizi ndizo nilizo nazo, nyingine nitaleta. Nimeshaongea na kaka yangu, nitakwenda kukaa kwake. Ninachokuomba kimoja tu, mkeo usimguse katika hili. Hajui kitu."

Kinyozi alizitazama zile noti. Alitaka kuuliza mambo gani ya simu yanayokula pesa kiasi kile, akataka kumwambia asiondoke kwa sababu ya upuuzi huu, maneno yote mawili yakagombania mlango mmoja na hakuna lililotoka. "Usiende," alisema mwishowe. "Ngoja nirudi jioni. Usiende popote, umesikia mama?"

Alifika dukani moyo mzito kama amefiwa. Sasa alishamjua mwizi, na hakufurahi hata kidogo. Kama ni pesa, achukue. Angeomba angepewa! Alikuwa bado anasuguasugua kioo kilichokwisha kusafika pale mkewe alipoingia, na sare yake ya kazini, macho mekundu kwa kukesha zamu ya usiku.

"Baba watoto, sikiliza. Mama amenipigia analia. Mama hana kosa. Ni mimi."

"Wewe nini?"

"Mkondo Huduma. Ni mimi. Nilijiunga na kitu kazini. Nitarudisha mshahara ukitoka. Mwache mama akae."

Kinyozi alikaa kwenye kiti chake mwenyewe cha kunyolea, jambo ambalo hakuwahi kulifanya mchana. Jana hapakuwa na mwizi hata mmoja. Leo wako wawili, kwa wizi mmoja, na kila mmoja anamfukuza mwenzake kwenye foleni.

"Kitu gani ulijiunga nacho?" aliuliza.

Mkewe akarekebisha kola ya sare yake. "Kitu tu," alisema. Kisha akasema amechoka, anakwenda kulala, na akaondoka.

Alipobaki peke yake akaipiga ile namba ya simu aliyoandikiwa benki. Alipigiwa muziki, akaambiwa simu yake ni ya thamani, akapigiwa muziki tena. Mwishowe kijana mwenye sauti ya upole akaomba namba ya kumbukumbu. Kinyozi akaisoma tarakimu moja moja, kidole kwenye karatasi. Alikuwa anaogopa. Hakutaka kusikia jina la mama mkwe likitoka kwenye ile simu, wala la mkewe.

"Nimeyaona," alisema kijana. "Ni malipo ya televisheni, kifurushi cha michezo. Yamewekwa kujirudia kila mwezi. Yamesajiliwa kwa namba ya simu hii hii unayopigia."

"Televisheni gani?"

"Jina la mteja limeandikwa Saluni ya Kinyozi."

Kinyozi aliinua macho. Pale ukutani, juu ya kioo, misumari miwili ilikuwa bado inashikilia hewa. Televisheni ya duka iliungua umeme ulipokatika na kurudi kwa kishindo, akaipeleka kwa fundi, fundi akasema iombewe. Na kabla ya hapo... Akakumbuka. Ilikuwa siku ya fainali, duka limejaa, kifurushi kimeisha, na yeye wembe uko shingoni mwa mwalimu fulani. Kinyozi hashiki simu wembe ukiwa shingoni mwa mtu. Kwa hiyo alifanya kama alivyofanya siku zote mikono ikiwa na povu: alimpa mteja simu yake, iliyounganishwa na akaunti ya benki, chini ya shuka, akamtajia namba ya siri sikioni, akamwambia abonyeze. "Inauliza kama ilipe kila mwezi," mwalimu alisema. Naye akajibu, watu wote wakisikia, "Bonyeza ndiyo, mpira unaanza!"

"Mzee, upo?" kijana aliuliza. "Tuyasimamishe?"

"Simamisha," alisema. "Simamisha, mwanangu."

Alicheka peke yake mpaka machozi yakamtoka. Kisha akafunga duka, jua likiwa bado kali, akashika njia ya nyumbani. Alijisikia mwepesi. Hakuna mwizi! Mama hatakwenda popote! Njia nzima alikuwa anapanga atakavyosimulia, hasa pale pa wembe na mwalimu, na jinsi watakavyomcheka. Alistahili kuchekwa, na alikuwa na hamu nako.

Aliwakuta sebuleni wamekaa kochi moja, begi katikati yao. Mkewe hakuwa amelala. Akasimulia yote bila kuruka kitu, akaigiza na sauti ya mwalimu. Alipofika mwisho akapiga makofi.

"Mwizi ni mimi!"

Hakuna aliyecheka. Walikuwa wanamtazama kama watu wanaosubiri sehemu iliyobaki.

"Sasa," alisema, na kicheko chake kikaanza kumpungukia, "mbona mlikubali kosa lisilo lenu? Mama, kwa nini ulisema ni wewe?"

Mama mkwe alimtazama binti yake kwanza, kisha kinyozi. "Nilidhani ni yeye, mwanangu. Nikaona bora unifokee mimi. Mimi ninaye kaka, nina pa kwenda. Yeye nyumba yake ni hii."

"Na wewe?"

"Nilidhani ni mama," alisema mkewe. "Mimi nimeshakuzoea."

Kinyozi alisimama pale na karatasi yake. Lile la benki lilikuwa limeeleweka lote, mstari kwa mstari, na hili hakulielewa. Wanawake wawili aliowapenda kuliko watu wote walikuwa tayari kuitwa wezi, kila mmoja ili mwenzake asilazimike kukaa mbele ya kinyozi akamjibu. Alitaka kuwaambia kwamba wamekosea, kwamba amewahi kumpiga nani, kwamba kuuliza si kufoka. Ilimchoma, na alitaka waelewe mara moja.

"Lakini mimi si mtu wa kufoka!" alisema.

Ilisikika mpaka kwa jirani. Mazungumzo ya huko yakakatika. Mkewe akainamisha kichwa. Mama mkwe akaweka mkono wake juu ya goti la binti yake, akauacha hapo. Na kinyozi, ambaye kwa mara ya kwanza alikuwa ameisikia sauti hiyo kama wanavyoisikia wao, akabaki hajui aseme kwa sauti gani.