Miko ya Saadiya

Tangu aanze dawa ya dripu, Saadiya hakuonja samaki. Saadiya, jamani, mtu wa Amu aliyekuwa akimla nguru mpaka mwiba unang'aa! Habari aliletewa na mdogo wake, Hafswa. Siku ile ya kwanza hospitalini Saadiya alikuwa msalani akitapika, Hafswa akaingia peke yake kwa daktari kuchukua maelezo. Akatoka na uso mzito.

"Daktari asema ufunge miko. Samaki, nyama, mayai, maziwa, vyote vyalisha uvimbe."

Basi Saadiya akafunga. Asubuhi uji wa mtama mtupu, jioni mchicha wa kuchemsha, huku harufu ya samaki wa kupaka ikimpanda puani kutoka jikoni kwake mwenyewe. Mate yakimjaa, humeza. Alitaka kupona, bwana! Pete ikaanza kumvuka kidoleni, naye akadhani ndiyo dawa inafanya kazi.

Leo Daktari Wamuyu alimpima uzani, akasoma majibu ya damu, akatikisa kichwa.

"Bi Saadiya, leo dripu haiwezekani. Damu imeshuka, mwili umekwisha. Mbona huli?"

"Si nyinyi mlionikataza?"

"Sisi? Nilimwambia mdogo wako akupe samaki, mayai, maharagwe, kila siku, hata kidogo kidogo. Ukijinyima chakula, unayedhoofika ni wewe, si uvimbe."

Saadiya akageuka. Hafswa, aliyeketi nyuma yake, alikuwa akivuta mtandio, mato yakitazama chini.

"Hafswa, ni nani alosema nifunge miko?"

"Mganga wa Siyu. Nalijua ukisikia ni mganga hutafunga. Nikasema ni daktari. Wallahi nalitaka upone, dada."

Lo! Hasira zilimpanda Saadiya. Njaa angeisamehe. Lakini huyu ndiye aliyekuwa akimwogesha, akiziona mbavu zake zikichomoza, kisha akimwambia, "Vumilia, dada, ndivyo alivyosema daktari." Alimwamini kuliko alivyouamini mwili wake mwenyewe, na mwili ulikuwa ukimlilia siku zote hizo.

"Daktari," akasema, "nieleze upya yote, polepole. Mimi mwenyewe nasikia. Na huyu atoke."

Hafswa akainuka akilia, akafika mlangoni, akasimama pale akingoja kuitwa. Saadiya akamwomba daktari aufunge mlango.