Pumzi ya Eskild

Asubuhi ile Eskild hakufika studio, nami nilikuwa nimeshammiminia kahawa. Alikuwa na desturi ya kuogelea bandarini kabla ya kazi, hata wakati wa baridi kali, na alizoea kuingia nywele zimelowa, akitucheka sisi waoga. Kahawa ikapoa. Kisha Vibeke, mwenye studio, akatoka chumbani kwake na simu mkononi, akakaa sakafuni. Moyo wa Eskild ulikuwa umesimama kwenye ngazi za gati, taulo ingali begani.

Kazi yetu ilikuwa kusimulia mapenzi. Zilikuwa hadithi za watu wazima, za kusikilizwa tu, na waliozipenda walizisikiliza kitandani, au jikoni wakiwa peke yao. Mimi nilikuwa sauti ya mwanamke, yeye ya mwanamume. Mambo ya mwilini hayakutusumbua sana. Kazi ilikuwa kumfanya msikilizaji aamini kwamba watu hawa wawili wanaogopa kupoteana. "Karna," Eskild alikuwa akiniambia, "kuvua nguo ni rahisi. Wafanye wasubiri."

Kwa hiyo tulirekodi tukiwa tumeshikana mikono, ili pumzi zetu ziende pamoja. Tukimaliza hatukuachiana upesi. Tulisimama hivyo hivyo bila neno, Vibeke akirekodi ukimya wa chumba, wa kuzibia mapengo baadaye.

Hadithi yetu ya mwisho ilikuwa ya Filippa na Asger, mke na mume walioachana, wakakutana tena kwenye nyumba ya likizo waliyoshindwa kugawana. Mwishoni Filippa anauliza, "Utabaki?" naye Asger anajibu, "Nitabaki." Jibu hilo halikurekodiwa. Eskild hakukubali kamwe kusoma ukurasa wa mwisho kabla ya siku yake; alitaka jibu limtoke kama mtu aliyeulizwa kweli.

Baada ya mazishi Vibeke alilitengeneza neno hilo kwa kompyuta, akanisikilizisha. Ilikuwa sauti ya Eskild hasa. Nikamwambia likitoka hilo, mimi sisimami tena mbele ya kipaza sauti. Akanijibu kwamba wasikilizaji wanangoja, na kwamba mwenye kauli si mimi.

"Mjane wake yupo. Wewe ulikuwa mwenzake wa kazi tu, shoga yangu. Usijifanye kizuka, ukamkalia eda."

Alisema kweli, na ndiyo maana iliniuma.

Lisbet, mke wa Eskild, alikuja Jumanne, amevaa koti la mumewe. Hakugusa mkate wa iliki tuliomwekea. Alikuwa hajapata kusikiliza hata hadithi yetu moja. Ndivyo walivyokubaliana nyumbani kwao. Vibeke alianza kumweleza shida yetu kwa upole, lakini Lisbet alikuwa akinitazama mimi.

"Alikuwa anakugusa?"

"Mkono," nikasema. "Huu."

Aliutazama. Nilitamani kuuficha mfukoni, nikauacha pale pale mezani.

"Alikuwa anaukandamiza kwa kidole gumba?"

"Akikaribia kucheka."

"Eeh," akasema. "Hata kanisani."

Vibeke akalicheza lile neno. Nitabaki. Uso wa Lisbet ukalegea, nami nikajua nimeshindwa. Akataka lirudiwe, likarudiwa. Safari hii alifumba macho, na alipoyafumbua alikuwa amebadilika.

"Huyu havuti pumzi," akasema. "Eskild hata nikimwuliza kama anataka chai, lazima avute pumzi kwanza, pua ipige mluzi. Nimelala na mluzi huo tangu msichana."

Vibeke akasema mluzi nao unaweza kutengenezwa. Lisbet hakukataa.

Ndipo nilipoinuka bila kuomba ruhusa, nikafungua ukimya wa mwisho tuliorekodi, jioni ya kuamkia kifo cha Eskild. Mwanzo hakukusikika kitu. Kisha pumzi ikaingia, na ule mluzi mwembamba. Kisha ya pili, nyepesi, ikifuata nyuma yake. Nilikuwa nimesahau kwamba yangu imo.



"Na huyo mwingine ni wewe," Lisbet akasema.

"Ni mimi."

Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akafunga vifungo vya koti, kimoja baada ya kingine.

"Uliza swali lako, halafu mweke huyo anayepumua. Asijibu. Mimi pia nilimwuliza, pale gatini waliponiita. Hakunijibu. Basi na huyo Filippa wenu asijibiwe."

Vibeke akaliondoa lile neno, akaiweka pumzi mahali pake.

Sehemu ya mwisho inatoka Ijumaa. Jina la Eskild linatajwa mwanzoni, kama kawaida. Jumatatu anakuja mwanamume mwingine kujaribiwa sauti, na Vibeke amenitaka nifike mapema.