Bomba Moja, Wakaguzi Wawili

Mimi simwamini mtu anayekuja kwangu na chupa tupu akaondoka nayo imejaa. Na kwangu walikuwa wakija wawili: Dwayne wa jimbo letu la Pennsylvania, na Bi Hutchins wa serikali kuu. Wote walichota kwenye bomba lile lile linalomwaga maji ya karakana yangu kijitoni, kuangalia kama sumu ya kromu tunayopaka bampa za magari imezidi. Kila mmoja na kipimo chake, na gharama zote juu yangu. Dwayne aliniamuru nijenge tangi, nikajenga. Bi Hutchins akaja akasema tangi hilo halifai. Kiwanda kikubwa cha ng'ambo ya barabara kina wanasheria wake wa kudumu. Mimi nina binti yangu Bernadette tu, anayeshika ofisi na mimba ikimlemea. Nikashuku kwamba hao wawili wamekula njama wanifilisi, ili mwenye kiwanda hicho anunue karakana yangu kwa bei ya kutupa.

Basi nikawaita wote wawili kwa saa ile ile, bila kumwambia yeyote kwamba mwenzake naye anakuja. Walipokutana mlangoni walisalimiana kama wake wenza.

"Leo mtanieleza," nikasema. "Nani anawatuma?"

Dwayne akacheka. "Mzee Gorski, tutumwe na nani? Sheria ni mbili, mzee wangu."

"Sheria mbili, mfuko mmoja! Si mchote chupa moja mgawane?"

"Hata mimi ningependa hivyo," akasema Bi Hutchins.

Nikamkazia macho. Mkaguzi anayekubali upesi hivyo, ana lake.

Bernadette alikuwa akiwamiminia kahawa, na yake ameshaanza kuinywa. "Na kisima mnapima lini?" akauliza.

"Kisima kipi?" akauliza Dwayne.

"Si hiki cha nyuma ya karakana. Ndiyo maji yetu ya kunywa."

Dwayne akamgeukia Bi Hutchins. "Nilijua hicho mnapima nyinyi."

"Sisi? Sisi tulijua ni kazi ya jimbo. Ndiyo maana hatukukigusa."

Wakaweka vikombe mezani polepole, hakuna aliyeonja. Nilitafuta hila kwenye nyuso zao nikaikosa. Niliona woga tu, na woga huo ukanishika na mimi.

"Bernadette, mwanangu, weka hicho kikombe."

Akanitazama. "Haya maji nimeyanywa tangu naanza kutembea, baba. Leo ndiyo unaniambia niache?"